Mnyama Aliyepiga Magoti

Filamu niliyoitafsiri kwa miezi minne ina dainosa mmoja tu, na dainosa huyo ni mtu aliyevaa vazi la mpira. Hakuna aliyeniambia. Chini ya kwapa la kushoto mshono umefumuka, na kila anapoinua mkono kumkamata mtu unaona kitambaa cheupe, pengine fulana. Mkia haufuati mwili. Unavutwa kwa kamba, na kamba yenyewe inaonekana jua likiipiga. Jicho moja linapepesa, jingine limekwama. Anapouma gari la wanasayansi, meno yanajikunja kama jani la mgomba lililopitishwa motoni. Msitu anaopita una miti sita. Najua ni sita kwa sababu nimeihesabu. Waigizaji wanaizunguka tu, na mti wenye tawi lililovunjika unapita mbele ya kamera mara nne.

Naipenda filamu hiyo kuliko filamu yoyote niliyowahi kuiona. Kwa sababu yake nilikaribia kukosa kazi pekee niliyowahi kuitaka.

Kazi yenyewe ni kutafsiri filamu. Vijijini kwetu Karagwe, filamu ya Kizungu haionyeshwi hivi hivi. Sauti ya wenyewe inashushwa, na juu yake anasikika mtafsiri, mtu mmoja anayeongea kwa niaba ya wote: shujaa, adui, mke wa adui, na mbwa akibweka. Watafsiri wakubwa wako mijini, na wengine wako ng'ambo ya mpaka, Uganda. Filamu zao zinatufikia kwenye flashi, zikiwa zimeshapita mikono mingi.

Shangazi yangu, dada yake baba, ana banda la video hapa Kanoni. Kuta ni za mabanzi, paa ni la bati, mabenchi ni ya mkaratusi, na televisheni inakaa ndani ya kizimba cha nondo kama mfungwa. Jumapili watu wakishatoka kanisani, Walutheri na Wakatoliki, wakishakula, wanakuja saa nane. Shangazi alichoka kuonyesha filamu ambazo banda la jirani lilishaonyesha. Akanunua kompyuta iliyotumika, akaniita.

"Wewe si ndiye unayejua Kiingereza?" akasema. "Tafsiri. Tuwe na zetu."

Nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Kidato cha nne nilikuwa nimefaulu lugha mbili tu, masomo mengine yote nikaanguka. Kiingereza changu kingi nilijifunza nyumbani, kwa filamu na kwa kamusi ya zamani iliyong'oka kurasa za mwanzo. Maneno yanayoanza na herufi mbili za kwanza sikuwa nayo. Hayo nilikuwa nabahatisha.

Afadhali niseme mapema kwamba nina tatizo. Shuleni nilikuwa nikikosea herufi moja nachana ukurasa wote na kuanza upya, mpaka madaftari yangu yakawa membamba kuliko ya wengine na mwalimu akadhani nauza karatasi kwa wauza karanga. Kwenye kahawa tu ndiko tatizo hilo lilikuwa na faida: nilichuma zilizoiva kabisa tu, na baba alipenda kuweka kikapu changu juu ya vikapu vya wengine ili mnunuzi aone changu kwanza. Kwingineko limenitesa. Siwezi kutuma ujumbe wa simu bila kuusoma mara tatu. Nimewahi kurudi nyumbani kutoka njiani, nusu saa ya kutembea, kuhakikisha kwamba nilifunga banda la kuku.

Shangazi aliniachia nichague filamu mwenyewe, nikachagua dainosa. Nilianza kuzipenda filamu hizo nikiwa darasa la tatu. Wakati huo niliamini wanyama wale ni wa kweli, wako nchi fulani. Nilipogundua mshono wa kwanza, miaka mingi baadaye, nilitarajia kuumia. Nikajikuta nacheka peke yangu, kisha nikarudisha nyuma kuuona tena. Nadhani nilichokipenda ni kwamba watu wale waliona mshono kama nilivyouona mimi, na bado wakaendelea. Mtu mzima alikuwa ndani ya mpira ule anatoka jasho, mwingine ameshika kamba ya mkia, mwingine anapuliza moshi wa volkano unaokwenda upande usio na upepo, na jioni wote wakaenda nyumbani kula. Mimi nisingeweza. Ningekuwa bado nashona kwapa.

Nilijiwekea sheria: sitaongeza neno ambalo halimo, na sitapunguza. Kila sentensi niliiandika kwenye daftari, nikaipima kwa saa ya simu ili ianze midomo inapofunguka na iishe midomo inapofumba. Nilirekodi chumbani, nimejifunika blanketi. Jogoo wa jirani akiwika, narudia. Mvua ikigonga bati, nangoja iishe, na kwetu mvua ikiamua kunyesha haina haraka. Ngurumo za dainosa ndizo zilizonishinda, kwa sababu ukishusha sauti ya filamu na ngurumo zinashuka, kwa hiyo mtafsiri lazima angurume mwenyewe. Sauti yangu ni nyembamba. Mwishowe niliingiza kichwa ndani ya mtumbwi wa baba wa kukamulia rubisi, pombe yetu ya ndizi. Ni gogo lililochongwa likawa na tumbo kubwa. Nikanguruma humo.

Mama alikuwa uani anageuza kahawa kwenye jamvi. "Ng'ombe wa nani huyo?" akauliza kwa sauti.

"Ni mimi, mama."

"Uko wapi?"

"Kwenye mtumbwi. Narekodi."

Akaendelea kugeuza kahawa. Kisha akasema, "Rekodi, lakini ukisikia watu wanapita njiani unyamaze. Bado hujaolewa."

Miezi minne ikapita hivyo. Kila wiki shangazi aliuliza, kila wiki nilisema imebaki kidogo. Mwishoni alikuja nyumbani Alhamisi mchana, akakataa hata kukaa.

"Jumapili hii naionyesha," akasema. "Imekwisha, haijakwisha, naionyesha. Watu wakiipenda, kompyuta inabaki kwako na kazi ni yako. Wasipoipenda, nampa yule kaka wa Nyakatuntu. Yeye anatoa filamu mbili kwa wiki."

Huyo wa Nyakatuntu nilimjua kwa sauti. Anatafsiri filamu ambazo hajaziangalia na Kiingereza chake ni cha kuokoteza. Katika filamu yake moja polisi wa Ulaya anamhoji muuaji, na kwa tafsiri yake wanagombana juu ya mpaka wa kibanja: nani kahamisha miti ya mpaka, nani kakata mgomba wa mwenzake. Watu walilia kwa kucheka. Nilimdharau sana. Pia nilimwonea wivu, na sijui kipi kilikuwa kikubwa.

"Usinitie aibu kwa wifi yangu," mama akasema shangazi alipoondoka.

Jumapili banda lilijaa. Nilikaa mbele, pembeni, karibu na kompyuta, daftari mapajani. Mbele kabisa, kwenye kiti kilichotolewa nyumbani kwa shangazi, aliketi bibi mmoja wa jamii ya wafugaji kutoka Bweranyange. Alikuwa amekuja Kanoni kwa wakwe zake, na wakwe wakamleta banda aone filamu kwa mara ya kwanza. Alikuwa na fimbo yake, ameilaza magotini. Nyuma yake tu alikaa dereva wa bodaboda ambaye kila mtu Kanoni anamjua, kwa sababu hajui kunyamaza.

Filamu ikaanza. Sauti yangu ikatoka kwenye spika.

"Ni wewe huyo?" dereva akaniuliza.

"Ni mimi."

"Mbona kama unasoma taarifa ya habari?"

Kwenye kioo, mwanasayansi kijana, binti, anashuka kwenye gari na kuingia kwenye hema. Ndani ameketi profesa wake, mzee mwenye mvi. Binti anamtazama na kusema, kwa sauti yangu: "Yuko wapi?" Midomo na maneno vilikwenda pamoja kama uzi na sindano. Nilisubiri mtu asifu.

Bibi alimgeukia shangazi. "Yule mzee ni nani yake?"

"Mwalimu wake, mama."

"Na hajamsalimia."

"Labda walisalimiana asubuhi," akasema dereva.

"Asubuhi gani? Ndiyo kwanza anashuka garini."

Watu wachache wakacheka. Mimi sikucheka. Nilikuwa najua kinachofuata: binti anasogea mezani na kuchukua karatasi mkononi mwa profesa. Pale nilikuwa nimeweka "Nipe ramani." Nilifikiria sana kuweka "Naomba," lakini mdomo wa binti unafunguka mara chache mno, isingetosha.

"Nipe ramani," nikasema kwenye spika.

"Yesu wangu," bibi akasema. "Anamnyang'anya."

"Huyu wazazi wake wako hai kweli?" dereva akauliza.

"Kasoma mpaka adabu imeisha."

Mama mmoja aliyekaa nyuma na mtoto mgongoni akasema taratibu, "Mwacheni. Mnyama anakuja."

Kuanzia hapo banda zima lilikuwa linamngoja mnyama. Kesho yake kwenye filamu binti akaingia tena hemani bila salamu. Watu wakaguna kama kanisani mtu anapotangaziwa kutengwa. Kesho kutwa, tena. Kila tukio nililokuwa nimelipima kwa nusu sekunde lilimzidishia binti dhambi. Mimi, niliyelelewa hapa hapa, ninayemwamkia hata mwendesha mashine ya kukoboa kahawa kabla ya kumuuliza bei, niliikalia filamu hiyo miezi minne na jambo hilo halikunipitia akilini hata mara moja. Nilikuwa nimezama kwenye midomo.

Dainosa alipotokea nyuma ya miti sita, walimpigia makofi. Ngurumo zangu za mtumbwini zilikuwa nzuri, na hilo nalisema bila aibu. Mtoto mmoja alilia. Dainosa akateleza kwenye kilima, akaanguka, akainuka.

"Huyo ni mtu," bibi akasema.

"Mtu vipi, bibi?" akauliza dereva.

"Ng'ombe huinuka kwa miguu ya nyuma kwanza. Mbuzi hivyo hivyo. Huyo kashika goti ndiyo akanyanyuka. Yumo mtu humo ndani, na goti linamuuma."

Mimi ilinichukua miaka kuona mshono. Yeye hakuutazama kabisa.

Kisha ikafika sehemu niliyoiogopa na kuipenda kuliko zote. Profesa ameumia mguu, amekaa juu ya jiwe peke yake. Dainosa anatoka msituni. Amekusudiwa amrukie, bila shaka, lakini anakanyaga kitu, pengine kamba ya mkia wake, na anaanguka magoti yote mawili chini, mbele kabisa ya mzee. Anabaki hapo. Kichwa kimeinama kwa sababu shingo ya mpira ni nzito, mikono miwili ameipeleka mbele akitafuta mahali pa kujishikia. Unamwona mtu wa ndani akihangaika. Waliotengeneza wangeweza kurudia. Hawakurudia. Wakamwonyesha profesa akimtazama, na mdomo wa profesa unatetemeka kwa namna ambayo mimi naamini ni kicheko. Hakuna anayesema neno. Nilifikiri wiki tatu niweke nini pale, na kwa sheria yangu nikaacha kimya.

Basi banda likawa kimya. Mnyama amepiga magoti mbele ya mzee, ameinama, kama wanawake wetu wanavyopiga magoti kusalimia. Spika zinavuma tu.

"Marahaba, mwanangu," bibi akasema, kwa sauti ileile ambayo ungemsikia nayo akimwitikia mke wa mwanawe. "Inuka."

Na mtu wa ndani ya mpira akainuka.

Sijawahi kusikia kelele kama ile. Benchi moja lilipinduka. Dereva wa bodaboda alisimama anapiga paja. "Kaamkia! Jamani, mnyama kaamkia!"

"Ana adabu kuliko msomi!"

"Mzee amuoe huyo, yule binti arudishwe kwao!"

Mtu mwingine angefurahi. Mimi nilifanya jambo ambalo mpaka leo nikilikumbuka napata joto masikioni. Nilisimamisha filamu, nikasimama mbele ya kizimba cha televisheni, nikaanza kueleza.

"Samahanini," nikasema. "Kwao hawasalimiani kama sisi. Kwenye filamu salamu hazimo. Mimi nimetafsiri kilichomo."

Kelele zikafa. Nilimwona shangazi mlangoni, amekunja mikono.

Bibi alinitazama kwa makini, kana kwamba ndiyo kwanza anatambua kwamba sauti ile ilikuwa na mwenyewe. "Shikamoo, bibi," nikasema haraka.

"Marahaba. Kwao hawaamkiani kabisa?"

"Wanaamkiana. Ila wakati mwingine ni kutazamana tu. Kutikisa kichwa kidogo, basi."

"Na wenyewe wanajua kwamba hiyo ndiyo salamu?"

"Wanajua."

"Na yule mzee akitazamwa hivyo anaona ameheshimiwa?"

"Ndiyo, bibi."

"Sasa mbona hukutuambia?" akasema. Hakuwa amekasirika. "Umekaa humo ndani na wao. Sisi tungejuaje?"

Nilimgeukia shangazi nikitumaini ataniokoa. Alikuja mbele, akachukua maikrofoni anayotumia kutangaza filamu za wiki, akanikabidhi.

"Washa filamu," akasema. "Hiyo sauti yako ya chini ya blanketi izime. Sema ya leo."

"Shangazi, nikiizima na ngurumo zinaondoka."

"Huna koo?"

Nikarudi kukaa, nikawasha filamu, nikaizima sauti. Miezi minne ya kazi ikanyamaza kwa kubonyeza mara moja, na filamu ikawa bubu kabisa. Dainosa akafungua mdomo. Nikanguruma kwenye maikrofoni kwa koo tupu, bila mtumbwi.

"Ndama huyo kapotelewa na mama yake," akasema dereva, na watu wakacheka, na safari hii walikuwa wananicheka mimi. Binti alikuwa anakuja mbio kutoka kushoto kumwokoa profesa. Daftari lilikuwa mapajani, ukurasa sahihi umefunguka, nami sikuweza kuona herufi hata moja.

"Shikamoo mwalimu kimbia!" nikasema, vyote kwa pumzi moja.

"Marahaba, binti yangu, siwezi, nimeumia, nenda wewe," nikajibu kwa sauti nzito ya profesa. Midomo ya profesa ilikuwa imeshafumba zamani. Hakuna aliyejali.

"Eee!" wakasema wa mabenchi ya nyuma. "Sasa!"

Nikaendelea. Sikumbuki mengi ya nusu saa iliyofuata. Nakumbuka nilimchanganya dereva wa wanasayansi na mpishi wao, nikawapa sauti moja. Nakumbuka nilimfanya binti aombe radhi, jambo ambalo kwenye filamu halipo, maana pale anaongea kwa redio na mtu wa helikopta. Watu wakaipokea radhi yake shingo upande. Walikuwa wameshahamia kwa mnyama na hawakuwa tayari kurudi.

Hilo ndilo lililoleta shida mwishoni, kwa sababu mwishoni mnyama anakufa. Anaingizwa kwenye volkano. Volkano ni udongo uliomwagiwa rangi, na moto umewashwa mbele ya kamera, si mbele ya mnyama, lakini watu wa banda hawakuwa wanatazama hayo tena. Walianza kulalamika tangu wanasayansi walipotoa baruti.

"Wanamuua?" bibi akaniuliza. "Yule aliyesalimia?"

Ndiyo, wanamuua. Ndivyo filamu inavyosema, na profesa anasema maneno marefu juu ya hatari iliyokwisha. Ninayo kwenye daftari, mistari minne, imepimwa. Nilishika maikrofoni.

"Mwacheni apite," nikasema kwa sauti ya profesa. "Anarudi kwao."

Kwenye kioo dainosa alikuwa anawaka.

"Anarudi kwao kupitia motoni?" dereva akauliza.

"Kwao ni huko huko," profesa akamjibu.

Banda likacheka mpaka mwisho wa majina yale yanayopanda kwenye kioo, majina ya watu wote walioshika kamba na kupuliza moshi, ambayo huwa hakuna anayeyasoma. Mimi peke yangu sikucheka. Nilikuwa nimesema uongo mbele ya watu wote hao, nikajiona kama mwizi.

Watu walipotoka, shangazi alichukua fagio. Nikamsaidia kuinua mabenchi. Nilikuwa na uhakika nimeshinda, nilikuwa nangoja tu aseme.

"Kompyuta nitampa yule wa Nyakatuntu," akasema.

"Lakini shangazi, walicheka. Walipenda."

"Walikupenda wewe. Ile ya kompyuta walikuwa wanaivumilia. Mwanangu, miezi minne, filamu moja. Nikikuachia hiyo kompyuta utazeeka nayo." Akafagia maganda ya karanga mpaka mlangoni. "Yeye atarekodi za wiki. Wewe Jumapili utakaa pale na maikrofoni, moja kwa moja. Filamu utaiona kabla mara moja. Ukiomba ya pili nakataa."

"Na nikikosea?"

"Utakosea," akasema, kama mtu anayesema kesho ni Jumatatu.

Kwa hiyo kazi nilipata. Niliitaka kwa njia ambayo ningeweza kufuta, kurudia, kufunika blanketi na kurudia tena, nikapewa njia ambayo neno likishatoka limetoka. Nililia njiani, si sana. Mama alikuwa jikoni anamenya ndizi.

"Wifi kasemaje?"

"Kanipa kazi. Kaninyang'anya kompyuta."

Mama akanitazama. "Usoni unaonekana kama amekunyang'anya tu."

"Ndivyo ninavyojisikia."

"Menya hizi," akasema, akanisogezea kisu kingine.

Yule kaka wa Nyakatuntu alikuja Jumanne kwa pikipiki kuchukua kompyuta. Nilimtarajia mtu wa makelele. Alikuwa mpole, akasimama nje mpaka alipokaribishwa, akawaamkia wazazi wangu kwanza, ndipo akaniuliza habari za kazi. Akaiwasha kompyuta kwenye meza yetu ili aone inavyofanya kazi. Akakuta mafaili yangu: dainosa ya mwisho, dainosa ya mwisho kabisa, dainosa ya mwisho kweli, dainosa ya mwisho mpya. Akasoma mpaka chini.

"Hizi zote ni filamu moja?" akauliza.

"Moja."

"Dada, pole sana." Alimaanisha. "Nifute? Nafasi imejaa."

"Futa."

"Zote?"

"Zote. Na kule zinakokwenda zikifutwa, futa na kule."

Akafuta. Nikamwomba aniruhusu niangalie kama kweli zimekwisha, akanipisha, nikaangalia, zilikuwa zimekwisha. Aliaga vizuri, akaifunga kompyuta nyuma ya pikipiki kwa mpira, akaondoka.

Sikumwambia kwamba usiku wa jana yake nilikuwa nimeinakili moja kwenye flashi, ile ya mwisho kweli. Tangu hapo nimetafsiri Jumapili nyingi kwa maikrofoni. Nimewapa watu majina yasiyo yao, nimecheka katikati ya mazishi ya mtu, na Jumapili moja nilisahau kabisa kumpa sauti mke wa adui mpaka dereva wa bodaboda akaongea badala yake. Ile ya kwenye flashi nimeisikiliza mara moja tu, chumbani, mlango umefungwa. Midomo na maneno vinakwenda pamoja tangu mwanzo hadi mwisho, ngurumo zake ni nzuri kuliko zangu za sasa, na humo ndani hakuna mtu anayemsalimia mwenzake.